Jinsi ya kuikejeli televisheni kwa filamu fupi

Tuseme habari za jioni zinaonyesha uzinduzi wa kisima huko Katuba, Lubumbashi. Utepe unakatwa, mheshimiwa anahutubia, makofi yanapigwa. Maji hayaonekani hata tone. Kijana wa Lubumbashi mwenye simu na marafiki wanne tayari ana filamu mkononi. Afanye hivi.

1. Iga bila kuzidisha. Weka meza, suti, muziki wa kufungulia na Kifaransa cha ofisini. Enzi za Rais Mobutu, taarifa ya habari ya televisheni ya taifa ilianza kwa uso wake ukitokea mawinguni, na waliotengeneza picha ile hawakuwa wakitania. Jambo likiwa limekwisha kuvuka mpaka, kulionyesha tu kunatosha.

2. Badili kitu kimoja: kamera inakotazama. Hotuba ikiendelea, kamera imgeukie mama aliyesimama na bidoni tupu. Kisha ionyeshe mkono wa mwandishi wa habari ukipokea bahasha ya pesa kutoka kwa wenye hafla, ile inayoitwa "coupage". Asiseme neno: aikunje, aitie mfukoni, ndipo awashe mikrofoni.

3. Msiandike kila neno. Kundi la Mufwankolo, magwiji wa michezo ya Kiswahili hapa Lubumbashi, walikubaliana kisa kwanza, maneno wakayatunga wakicheza. Ndivyo walivyouandaa mwaka 1986 mchezo "Le pouvoir se mange entier", na mwanaanthropolojia Johannes Fabian akaeleza kazi hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1990. Nanyi kubalianeni mwanzo na mwisho, kisha rudieni mpaka ulimi ulainike. Mtangazaji aseme Kifaransa, mama aseme Kiswahili cha mtaani. Umbali kati ya lugha hizo mbili utasema mengi.

4. Lenga tabia, si mtu. Usitumie nembo wala jina la kituo chochote. Mwonyeshe mwandishi pia akirudi nyumbani, mshahara haujafika, watoto wanangoja bukari. Bahasha ina mizizi yake, na kejeli isiyoigusa mizizi ni matusi tu.

5. Waonyesheni majirani kabla ya kuirusha mtandaoni. Sikilizeni wanapocheka. Wakimcheka mama mwenye bidoni, kateni kipande hicho na mkipige upya.

Televisheni imezoea kututazama kutoka juu. Vijana wa Lubumbashi, shikeni kamera muitazame nayo, na kila mara muulize: maji yako wapi?