Klachi Imelala? Vidokezo 6 vya Kutoa Upepo

Umetoka Bunia na mzigo, unafika Komanda, unakanyaga klachi na pedali inazama bila ubishi. Gia ya nyuma nayo inalia krrr! Usikate tamaa, dereva. Huenda ni upepo tu umeingia kwenye mfumo wa mafuta ya klachi, na upepo hutolewa.

1. Pampu, usikilize mguu
Kanyaga pedali harakaharaka mara tano. Imekaza kidogo? Basi mshuku upepo. Ujanja huohuo unaweza kukufikisha garaji ukiwa njiani.

2. Mkamate mwizi kwanza
Upepo haupiti ukutani! Tazama juu ya pedali, kisha silinda ndogo pembeni mwa gia boksi. Funua mpira wake: ukikuta umelowa, silinda inavuja, na kutoa upepo peke yake ni kazi bure.

3. Soma kifuniko kabla ya kufungua pochi
Kifuniko cha kopo la mafuta ya klachi mara nyingi kimeandikwa DOT 3 au DOT 4. Nunua kopo ambalo halijafunguliwa, maana mafuta haya hunyonya unyevu wa hewani. Oili ya injini? Hata tone usitie: huvimbisha mipira ya silinda. Na mafuta ya klachi yakimwagikia rangi ya gari, mwagia maji upesi.

4. Watu wawili, amri moja
Chomeka mpira mwangavu kwenye nipo (skrubu ya kutolea upepo) ya silinda ndogo, ncha ya pili izame ndani ya chupa yenye mafuta kidogo. Ita "Kanyaga!" Mwenzako akanyage, ashikilie. Fungua nipo, povu litoke, funga. Hapo ndipo uite "Achia!" Pedali isiporudi, aiinue kwa mkono. Rudieni hadi mafuta yatoke bila povu. Akiachia kabla hujafunga, mmeuvuta upepo upya. Pole!

5. Kopo la juu lisikauke
Ongeza mafuta kila baada ya mikanyago michache. Likikauka, mnaanza moja. Na yale ya kwenye chupa usiyarudishe, hata kama mfuko unalia.

6. Uko peke yako? Nenda famasi
Nunua bomba kubwa jipya la sindano. Lijaze mafuta, liunganishe na nipo kwa mpira, fungua, sukuma polepole kutoka chini. Upepo hupenda kupanda, msindikize! Chungulia kopo la juu lisifurike.

Umemaliza? Washa gari, kanyaga klachi, ingiza gia ya nyuma. Kimya? Hongera, fundi! Lakini lilaze gari usiku mmoja ujaribu tena asubuhi, hasa ukiwa na safari ya Kasenyi: kutoka Bunia, zaidi ya mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, unateremka hadi ziwani, kama mita 620. Pedali ikilegea tena, badilisha mipira ya silinda kwanza. Samaki wa Ziwa Albert watakusubiri.