Mbwana Amepotelea Kwenye Simu

*Marehemu baba alituachia kasha la makaratasi ya herufi za Kiarabu: silsila ya ukoo, hati za minazi, barua za madeni. Mdogo wangu ameyapiga picha yote na kuyatia kwenye programu ya akili mnemba, na sasa ukiuliza lolote simu inajibu. Kuhusu minazi ya Singino imesema hati inasomeka "shamba la Bwana Ali", yaani baba wa babu yetu. Upande wa pili wa ukoo wanadai shamba lilikuwa la Mbwana, mtoto wa huyo Ali, na wao ndio wajukuu zake. Simu inasema Mbwana hatajwi popote. Ba'mkubwa wa upande huo kakasirika, kaenda kupiga ramli, na ramli imesema mengine. Mdogo wangu anataka kulipeleka kasha Dar. Nimwamini nani?*
*Mwenye Kasha, Kilwa Kivinje*

Dada yangu,

Pole kwa kufiwa. Kasha lisiende Dar. Naanza na hilo kwa sababu nahisi mdogo wako ameshakata tiketi.

Umeandika kama vile simu na ramli ni mahasimu. Mimi naviona ndugu. Mpiga ramli huchoma vitone mchangani kwa haraka, mistari minne, asivihesabu. Kisha huvifuta viwili viwili mpaka kila mstari ubaki na kimoja au viwili. Mistari hiyo minne ni umbo moja, na maumbo yote ya ramli ni 16, hakuna la 17. Kutoka humo atakwambia ya ndoa, ya mbuzi aliyepotea na ya minazi ya Singino. Simu nayo, ukiifunua mpaka chini kabisa, ni alama mbili tu zinazopangwa na kupanguliwa. Simdharau ba'mkubwa wako, wala mdogo wako. Ila ramli na simu vina tabia moja inayoniudhi: ukiviuliza, lazima vijibu. Sijapata kumwona mtu aliyetoka kwa mpiga ramli akaambiwa, "Hili limenishinda, rudi nyumbani."

Sasa Mbwana. Hati sijaiona, lakini nadhani najua alikopotelea. Mwite mtu aliyesoma chuo cha Kurani, umwambie aandike Bwana, kisha aandike Mbwana, kwa mwandiko wa wazee wetu. Wengi wao walitumia herufi *be* ile ile kwa b, kwa p na kwa mb. Msomaji alijijazia mwenyewe, kwa kuwa anayetajwa alikuwa akimjua, pengine walikuwa wakiswali safu moja. Mwandishi wa hati yenu hakuiandikia simu, aliwaandikia majirani. Programu haimjui mtu hata mmoja wa Kivinje, kwa hiyo inachagua neno ililokutana nalo mara nyingi zaidi. Bwana ni maelfu kwa maelfu, akina Mbwana wachache. Jina likageuka cheo, na mwenye jina akatoweka katika ukoo wake.

Tena nyinyi ni watu wa Kilwa, mna mfano mkubwa kuliko huo. Kile kitabu cha Kiarabu cha habari za masultani wenu, Kitab al-Sulwa, kiliandikwa karne ya 16, na nakala tuliyo nayo ilinakiliwa Zanzibar mwaka 1877. Leo iko London. Mwandishi aliahidi milango kumi. Iliyotufikia ni saba. Habari za masultani hao hao Mreno João de Barros alizichapisha mwaka 1552, na hazilingani na zile: kitabu cha Kiarabu kinasema kutoka Shiraz alikuja baba na wanawe sita kwa majahazi saba, Barros anamtaja mwana mmoja, Ali. Nani alisema kweli, wasomi wanabishana mpaka leo, lakini ile milango mitatu hakuna aliyethubutu kuijaza tangu maandishi ya Kiarabu yalipochapishwa mwaka 1895. Juzi nikamwomba kijana mmoja hapa ofisini aiulize programu yake mlango wa nane unasema nini. Ikatoa aya tatu nzuri, zenye sultani, jahazi na upepo wa kaskazi. Kiswahili chake kisafi kuliko changu.

Kwa hiyo fanyeni hivi. Kasha lifunguliwe mbele ya pande zote mbili, na kila karatasi iandikwe namba pembeni kwa penseli, kwa mpangilio ule ule aliouacha baba. Msiyapange upya! Mimi babu yangu alipofariki nilijifanya hodari, nikafungua vifurushi vyake vya kamba ya katani nikapanga kila kitu kwa aina. Risiti iliyokunjwa ndani ya barua ya deni nikaitoa, nikaiweka pamoja na risiti nyingine, na mende wakaimalizia humo. Miaka miwili baadaye shangazi akadaiwa deni lililokwisha kulipwa, nasi hatukuwa na cha kuonyesha. Kama baba aliweka majani makavu ya mwarobaini ya kufukuza wadudu, yabaki humo kashani.

Picha za mdogo wako msizifute. Simu iulizwe karatasi zipi zinataja Singino, ikishataja namba, ifungwe, mfungue karatasi yenyewe. Hiyo ndiyo kazi yake. Msomaji awe anayejua Kiswahili cha herufi za Kiarabu, maana Kiarabu peke yake hakitoshi hapa. Mkimkosa Kilwa au Lindi, Maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ina mkusanyo wa miswada ya namna hiyo, ulizeni huko na mpeleke picha. Shauri likifika mbele ya sheria, mwamuzi atataka karatasi, hatataka maelezo ya simu.

Kuna jambo hukuliuliza. Kama hati inasema Mbwana Ali, minazi ile si ya upande wenu. Ndiyo maana mtafuteni msomaji asiyekula chakula cha nyumba yoyote kati ya hizo mbili, na siku hiyo ba'mkubwa umpe kiti cha karibu kuliko chako, aione *be* kwa macho yake.