Chura wa Lubefu: Safari ya Jean-Michel Kibushi katika filamu za kuhuisha, na maswali yake kwa wanafunzi wa lugha

Ukiwauliza wanafunzi wa kitivo chetu wataje mwongozaji mmoja wa filamu za kuchora, wengi watamtaja Miyazaki Hayao wa Japani. Si ajabu. Filamu zake zimo katika simu za vijana wa Kindu na Kasongo, na ile iliyopata tuzo ya Oscar mwaka 2003 nimewahi kuiona ikioneshwa kwenye kibanda cha video, sauti ikiwa ya Kifaransa na mwenye kibanda akifasiri kwa Kiswahili. Mimi nataka kumzungumzia mtu wa karibu zaidi. Jean-Michel Kibushi Ndjate Wooto alizaliwa mwaka 1957 huko Lubefu, katika Sankuru, jimbo linalopakana na Maniema yetu. Lugha ya kwao ni Kitetela, ambayo wanaisimu huipa alama C71 katika mpangilio wa Guthrie. Jirani yake C72 ni Kikusu, na Kikusu ni lugha ya Maniema. Kwa hiyo hadithi alizosikia Kibushi utotoni hazikuwa mbali na zile zinazosimuliwa ng'ambo ya huku ya mto Lomami.

Kabla ya kazi yake, nieleze kidogo juu ya neno. Wenzetu wa Tanzania na Kenya husema "katuni", na waandishi wao wengine wameanza kuandika "uhuishaji", kutoka "hai": kukipa uhai kitu kisicho nacho. Sisi tumeshikamana na Kifaransa, na kwa Kifaransa chetu cha Kongo neno "animasyo" lina historia nzito. Kwa wazazi wetu lilikuwa na maana ya nyimbo na ngoma za kumsifu Mobutu na chama chake cha MPR, watu wamevaa sare na kutikisa mabega uwanjani. Niliposema nyumbani kwamba naandika juu ya "animasyo", mjomba wangu aliniuliza kama zile ngoma zimerudi. Ndiyo sababu katika makala hii nitatumia "kuhuisha".

Kibushi alisoma katika Taasisi ya Taifa ya Sanaa mjini Kinshasa, akaanzisha Studio Malembe Maa mwaka 1988. "Malembe" ni Kilingala, maana yake polepole, na sidhani kuna jina linalofaa kazi hii kuliko hilo. Sinema huenda picha 24 kwa sekunde. Dakika moja ni picha 1,440, na hata ukipiga kila mchoro mara mbili bado unahitaji michoro 720. Mtu anayefanya kazi hiyo katika mji ambao umeme hukatika anajua maana ya polepole.

Filamu yake ya mwaka 1991, iitwayo kwa Kifaransa Le Crapaud chez ses beaux-parents, hutajwa kuwa filamu ya kwanza ya kuhuisha iliyoongozwa na Mkongomani. Kulikuwa na nyingine kabla yake: katika miaka ya 1950 padri Alexandre Van den Heuvel alitoa mfululizo wa filamu za kuchora juu ya Mboloko, yule paa mdogo mjanja. Mnyama alikuwa wetu, na jina lake hulikuta tena kwa Waluba likiwa Kabuluku, lakini aliyeamua aseme nini alikuwa mmisionari. Kwa Kibushi hadithi ya Watetela ilirudi mikononi mwa mtu aliyeisikia kwanza kwa masikio, si kwa kitabu.

Hebu tukitazame kichwa cha filamu hiyo, maana hapo mwanafunzi wa lugha ana kazi. Kifaransa kinatenga "crapaud" na "grenouille". Kiswahili kinawaita wote chura. Hapo tunapoteza kidogo. Kisha "beaux-parents" ni wazazi wa mke au wa mume tu, neno linaelekea upande mmoja. "Mkwe" linaelekea pande zote mbili: baba wa mke ni mkwe wangu, na mimi ni mkwe wake. Ndani yake mna heshima na haya, kutokula ovyo mbele yao, kutozungumza mambo fulani. Ukisema "Chura kwa wakwe zake", msikilizaji wa Kabambare ameshacheka kabla picha haijaanza, kwa sababu anajua chura ni mropokaji na ukweni si mahali pa kuropoka. Kifaransa kinahitaji filamu nzima kueleza jambo hilo.

Vyura, kwa njia, wana bahati katika sinema ya Afrika. Moustapha Alassane wa Niger, aliyemtangulia Kibushi kwa miaka mingi, alitengeneza Bon voyage Sim mwaka 1966, na rais aliye safarini humo ni chura. Chura anachekesha bila kumtukana mkubwa yeyote kwa jina.

Mwaka 1992 Kibushi aliiacha hadithi ya kale na kutoa filamu fupi juu ya uporaji wa Septemba 1991, wanajeshi walipoanza kupora Kinshasa na wananchi wakafuata. Alitumia michoro ya watoto. Naona uamuzi huo ni wa mtu anayejua masimulizi: shahidi asiyejua siasa huonesha kilichotokea tu. Mwaka 1999 ikaja Muana Mboka, ya vikaragosi, juu ya mtoto wa mitaani wa Kinshasa, na mwaka 2004 Prince Loseno. Kichwa cha Muana Mboka kina tabu yake. "Mwana" hatuna shida nalo, lakini "mboka" ya Kilingala ni kijiji, ni mji, ni nchi, yote pamoja. Kiswahili kinakulazimisha kuchagua. Mwana wa kijiji si mwana wa nchi, na mtoto wa mitaani anayeitwa mwana wa nchi ni lawama kwa wenye nchi. Mimi ningeacha jina kama lilivyo.

Sasa nirudi kwetu. Likizo iliyopita nilirekodi kwa simu hadithi kumi na moja, nne Kasongo na saba Kabambare, kwa kina mama wazee wanaojua Kiswahili pamoja na Kizimba au Kibangubangu. Nilitaka kujua kitu kimoja: kitu kisicho na uhai kikianza kusema ndani ya hadithi, Kiswahili kinafanya nini? Tunajua kwamba kiboko na kifaru vina kiambishi cha ki- lakini tunasema "kiboko anakuja". Wanyama wanavuta upatanisho wa watu. Je, jiwe?

Katika rekodi zangu, jiwe linalala njiani, linakanyagwa, linanyeshewa. Linapofungua kinywa, msimulizi anasema "jiwe akamwambia", na kutoka hapo ni "akaondoka", "akachoka", mpaka hadithi iishe. Mama mmoja wa Kasongo alirudi kwenye "li-" jiwe lilipopasuka mwishoni: "likapasuka". Uhai uliingia kwa kiambishi ukatoka kwa kiambishi. Kibushi anahitaji picha 720 kwa dakika ili karatasi isimame na kutembea. Yule mama alitumia silabi moja.

Jambo la pili linahusu nyimbo. Hadithi ilisimuliwa kwa Kiswahili, lakini mnyama alipoimba, aliimba Kibangubangu. Hata wajukuu wasiokielewa waliitikia kiitikio barabara. Anayefikiria kuhuisha hadithi hizi kwa Kiswahili kitupu, kama wanavyofanya vizuri wenzetu wa Ubongo Kids wa Dar es Salaam tangu 2014, ajue kwamba huku kwetu hadithi ina lugha mbili ndani yake, na kuing'oa moja ni kumnyamazisha mnyama mahali pale pale anapoimba.

Wasimulizi wawili kati ya hao wameshahama Kabambare kwa sababu ya usalama, na mmoja sijui simu yake ya sasa. Kwa hiyo naomba darasa la fonetiki lipewe rekodi hizi mwaka huu, tuandike maneno ya nyimbo wakati waliobaki bado wanaweza kutusahihisha. Nyimbo ziko nane. Tatu kati yake zina maneno ambayo waimbaji wenyewe walisema hawajui maana yake, na moja kati ya hizo ni ya chura.