Je, mtu anaweza kuwa haramu?



Somo letu la wiki hii ni Walawi 19:33-34. Fungua Biblia yako kabla hujaendelea, ni mistari miwili tu. Mungu anawaamuru Waisraeli wasimdhulumu mgeni anayekaa nchini mwao, wamhesabu kama mzaliwa. Angalia sababu anayowapa: ninyi pia mlikuwa wageni kule Misri. Anawakumbusha walikotoka.

Sasa chukua neno tunalolisikia kila wiki redioni: "wahamiaji haramu". Sisi tunaoishi na majirani Waislamu huku Kilwa tunajua uzito wa neno haramu. Nyama inaweza kuwa haramu, mali ya wizi ni haramu. Lakini mtu? Mtu anaweza kuvuka mpaka bila kibali, na hilo ni kosa kisheria, sibishi. Ila kosa ni la kitendo. Ukihamisha neno kutoka kwenye kitendo ukalibandika kwenye mtu, umeshamhukumu kabla hujamsikiliza. Papa Yohane Paulo II aliliandikia jambo hili ujumbe mzima mwaka 1995, kuhusu wahamiaji wasio na hati, na hoja yake kubwa ilikuwa kwamba kukosa karatasi hakumpunguzii mtu hadhi yake. Mimi nasema "mhamiaji asiye na hati". Ni maneno marefu kidogo, sawa, lakini ni ya kweli.

Niko Kikole kwa mwaka wa kichungaji. Wasioijua Kikole: ni huku ndani, wilaya ya Kilwa, mkoa wa Lindi, kwenye misitu ya mpingo. Vijana wengi wanaokuja kwenye kigango wana babu au bibi aliyezaliwa ng'ambo ya Ruvuma, yaani Msumbiji. Si ajabu. Vita ya FRELIMO dhidi ya Wareno ilipoanza mwaka 1964, Wamakonde, Wamakua na Wayao wengi walivukia kwetu, na serikali ikafungua makazi ya wakimbizi, mojawapo ni Rutamba, hapa hapa Lindi. Msumbiji ikapata uhuru mwaka 1975. Wengi wakarudi. Wengine walikuwa wameshaoa, wameshapanda mikorosho, wameshazika wazazi. Wakabaki.

Miezi michache iliyopita kijana mmoja, aliyemaliza kidato cha nne, aliniuliza swali baada ya ibada (nimebadilisha mambo madogo asitambulike). "Frateri, nikiandika kwenye fomu ya NIDA kwamba mama kazaliwa Masasi, wakati kazaliwa Mueda, ni dhambi?"

Usicheke swali hilo. Tangu laini za simu ziliposajiliwa upya kwa alama za vidole, mwaka 2019 na 2020, asiye na namba ya NIDA hana laini ya jina lake. Bila laini, huduma ya fedha kwa simu ni ya kuazima kwa shemeji. Malipo ya ufuta na korosho yanapita benki, na benki wanataka kitambulisho. Na fomu yenyewe inauliza wazazi wako walizaliwa wapi. Kwa kijana wa Dodoma hilo ni swali la dakika moja. Kwa kijana wa kusini linaweza kumnyima usingizi, maana jibu la kweli linaweza kumtaja mama yake.

Nitarudi kwenye swali lake. Kwanza tumsikilize Mtakatifu Thoma wa Akwino, maana wapo wanaodhani Kanisa lina huruma tu juu ya jambo hili, halina hoja. Katika Summa Theologiae, sehemu ya kwanza ya kitabu cha pili, swali la 105, kipengele cha 3, anapanga wageni wa amani katika makundi matatu: anayepita njia, anayekuja kukaa, na anayetaka kuwa mmoja wa taifa. Anayepita na anayekaa wasiguswe kwa dhuluma. Wa tatu, anasema, asipewe uraia siku ileile, maana mtu ambaye bado hajalipenda jambo la wote anaweza kuliumiza. Anamtaja Aristotle, aliyeandika kwamba zipo nchi zilizosubiri mpaka kizazi cha pili au cha tatu. (Aristotle mwenyewe aliishi Athene miaka mingi bila kuwa raia wake. Sijui kama darasani waliwahi kuwaambia hilo.) Anataja pia Torati: Kumbukumbu 23 inamruhusu Mwedomu na Mmisri kuingia katika kusanyiko kwenye kizazi cha tatu.

Kwa hiyo Thoma si mtu wa "waingie wote". Anaipa serikali haki ya kuweka masharti, na Katekisimu namba 2241 inasema hivyo hivyo: nchi zenye uwezo zina wajibu wa kumpokea mgeni kadiri ziwezavyo, mamlaka inaweza kuweka masharti ya kisheria, na mgeni ana wajibu wa kutii sheria za nchi iliyompokea. Lakini ona mantiki ya Thoma. Ukisema "subiri", umekiri kwamba kusubiri kuna mwisho. Wahenga wetu walikuwa na kalenda fupi kuliko yake: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Jembe ni kazi, na ni kuhesabiwa kuwa wa nyumbani. Wapo wazee huku tuliowapa jembe siku ya tatu, na sasa kizazi cha tatu kinahangaikia kadi.

Nchi yetu imejaribu njia zote mbili. Julai 2013, Rais Kikwete akiwa Kagera aliwataka walioingia bila kibali waondoke kwa hiari, kisha Septemba ikaja Operesheni Kimbunga katika mikoa ya Kagera, Kigoma na Geita. Maelfu waliondoka kwenda Rwanda, Burundi na Uganda. Wamo walioishi hapa miongo kadhaa, wenye wake au waume Watanzania. Operesheni haina muda wa kuuliza Thoma anachouliza: huyu anapita, au kaburi la baba yake liko nyuma ya nyumba?

Rais huyohuyo, mwaka mmoja baadaye, aliwapa uraia Warundi wapatao 162,000, wale waliokimbia mauaji ya mwaka 1972 na kuishi Katumba, Mishamo na Ulyankulu, pamoja na watoto wao. Hilo halijafanywa na nchi nyingi duniani, na ninajivunia. Inaonyesha kwamba serikali ikikaa chini na kuchambua mtu na mtu, inaweza.

Jirani zetu Kenya nao. Wamakonde waliokwenda kule kutoka Msumbiji kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge na miwa, wajukuu wao walikaa Kwale bila vitambulisho mpaka Oktoba 2016, walipofunga safari kwa miguu kwenda Nairobi kumwona Rais Uhuru Kenyatta. Wakaanza kusajiliwa mwaka huohuo. Mwaka 2023 ikawa zamu ya Wapemba wa Kilifi na Kwale. Wapemba, jamani! Watu wa kwetu. Na wale washikaji wanaozamia meli au wanaokwenda Sauzi kwa kuungaunga mabasi, kule wanaitwa nani?

Najua hofu iliyopo, na si ya kuipuuza. Tangu Oktoba 2017 Cabo Delgado inawaka moto, na Oktoba 2020 wauaji walivuka mto wakashambulia kijiji cha Kitaya, Mtwara. Walinzi wa mpaka wana haki ya kukagua. Ila kumbuka mwaka 2021, baada ya Palma kushambuliwa, maelfu ya watu waliokuwa wakiwakimbia wauaji haohao walirudishwa Msumbiji. Kukagua ni kutofautisha. Kumrudisha kila mtu si kukagua.

Sasa swali la yule kijana. Ndiyo, ni dhambi. Amri ya nane haina kipengele cha fomu za serikali, na Agostino na Thoma wote wanakataa uongo hata wenye nia njema. Zaidi ya hapo ni kosa la jinai, na kitambulisho kilichosimama juu ya uongo kinaweza kufutwa. Lakini nilimuuliza jambo moja: baba yako ni raia? Akasema ndiyo, wa Nachingwea. Basi wewe ni raia kupitia kwake, nikamwambia, ukweli kuhusu mama haukuondolei kitu.

Akanyamaza. Hofu yake haikuwa juu yake. Ni mama.

Kwa mama, mlango upo ila mwembamba. Sheria ya Uraia ya mwaka 1995 inamruhusu mke wa raia kuomba uraia. Kwa wengine uko uraia wa tajnisi, unaotaka miaka isiyopungua saba ya kukaa nchini ndani ya kumi, pamoja na mwaka mzima kabla ya kuomba, tabia njema, na Kiswahili au Kiingereza. Ugumu ni kwamba aliyeishi bila kibali anaogopa hata kufika ofisi ya Uhamiaji kuuliza, na woga huo una sababu. Hapo ndipo sera inapokosa kitu: njia ya mlowezi kujitokeza bila kujipeleka mahabusu. Sheria inayomfanya mama mkweli ajifiche miaka arobaini inahitaji kutazamwa upya, na kuwaambia wabunge wetu hivyo ni kazi halali ya mlei Mkatoliki.

Wakati tunasubiri, parokia zetu zina vitabu. Daftari la ubatizo na la ndoa, yenye tarehe na majina ya wazazi, ni ushahidi kwamba mtu alikuwa hapa mwaka fulani. RITA wanakipokea cheti cha ubatizo kwa anayesajili kizazi kwa kuchelewa. Mwenye bibi au mama wa namna hii, njoo na majina yake na mwaka wa ubatizo kama anaukumbuka, tumtafute kwenye daftari. Asije peke yake ofisini. Atafute mtu wa msaada wa kisheria kwanza, aende naye. Wana-VIWAWA mliozoea kuandika, nahitaji wawili wa kusaidia Jumamosi, maana madaftari ya zamani yameandikwa kwa mwandiko wa wamisionari na macho yangu yamechoka.