Darsa la Ramadhani, siku ya 19: Mbia amefariki, deni linamfuata nani?

 

Juzi baada ya tarawehe mama mmoja alinisubiri nje, upande wa akina mama. Eda yake imeisha Shaabani. Marehemu mume wake alikuwa analima vitunguu Mang'ola kwa ubia na rafiki yake, nusu kwa nusu. Yule mbia alikuja nyumbani na daftari, akasema deni ni milioni 6. Mama akaniuliza: "Shekhe, niuze mbuzi wangu? Naambiwa baba watoto anateseka kaburini." Mbuzi ni wake mwenyewe, aliwanunua kwa pesa yake ya VICOBA. Ameniruhusu nijibu hapa, na kisa nimekibadilisha kidogo asijulikane.

Mama, mbuzi wako waache zizini.

Deni la maiti ni zito, hilo halina ubishi. Mtume (s.a.w.) aliletewa jeneza la mtu anayedaiwa dinari mbili (riwaya nyingine inasema tatu) na hakuacha mali ya kulipa, akakataa kumsalia, akawaambia maswahaba wamsalie wao. Abu Qatada (r.a.) akasema deni hilo ni juu yake. Hapo ndipo Mtume akamsalia. Lakini hebu tazameni: Mtume hakuwaita watoto wa marehemu wala mjane wake akawaambia lipeni. Aliyebeba ni aliyejitolea kwa ulimi wake.

Deni la maiti linakaa kwenye mali aliyoiacha, yaani tarika. Suratun Nisaa, aya ya 11 na ya 12, zinarudia tena na tena kwamba mafungu ya urithi yanakuja baada ya wasia na deni. Kwa hiyo tunaanza na gharama za mazishi, halafu madeni, halafu wasia usiozidi theluthi, ndipo warithi. Tarika ikiwa ndogo kuliko madeni, wadai wanagawana kilichopo kila mmoja kwa kiasi cha deni lake, na warithi hawapati kitu. Kinachobaki hakimwingii mjane wala mtoto mfukoni mwake. Akitaka kulipa kwa mapenzi yake ni wema mkubwa, Allah amlipe, ila asilipe kwa kutishwa. Na fungu la yatima haliguswi ili mkubwa fulani aonekane mkarimu.

Sasa tuje kwenye daftari. Kwa fiqhi yetu ya Kishafii, ubia unavunjika pale mmoja anapofariki. Warithi hawawi wabia wapya moja kwa moja. Inafanywa hesabu mpaka siku ya kifo, na hasara inagawanywa kwa kadiri ya mtaji wa kila mmoja.

Nilimwomba mama alete daftari, tukakaa na mbia wake. Duka la pembejeo linadai 3,600,000. Pampu imebaki 1,400,000. Milioni 1 marehemu aliikopa kwa mbia mwenyewe kwa ajili ya ada ya shule. Jumla milioni 6, kweli. Ila deni la ubia hapo ni milioni 5, ile ya ada ni ya marehemu peke yake. Halafu kuna vitunguu vilivyouzwa baada ya mazishi, 3,000,000, pesa iko kwa mbia na hakuiandika popote! Sisemi ni mwizi, alikuwa amechanganyikiwa kama sisi wote. Ukiitoa, deni la ubia linabaki milioni 2. Nusu ya marehemu ni milioni 1, ongeza ile ya ada, tunapata milioni 2. Na nusu ya pampu bado ni ya marehemu, inaingia kwenye tarika kulipia.

Milioni 6 imekuwa 2. Mbuzi wangeuzwa bure.

Na anayedai maiti alete ushahidi. Daftari aliloliandika mwenyewe halitoshi. Tena wanazuoni wetu wanasema anayemdai maiti, hata akileta mashahidi, ataapa pia, maana mwenye kujibu yuko chini ya udongo.

Upande wa pili nao usikilizwe. Ndugu wa Ngorongoro, kule hifadhini ambako hakulimwi na ubia wenu ni wa mifugo, mtu akifariki utaona kaka zake wanaswaga kundi lote mpaka kwenye boma lao. Nusu ya wale ng'ombe ni ya mbia aliye hai! Mkononi mwenu ni amana, na kuwauza mnadani bila yeye ni dhulma kama dhulma nyingine.

Jambo jingine ni maneno ya makaburini. Msemaji wa familia anasimama: "Anayemdai marehemu aonane nasi." Hapo amekaribisha hesabu tu. Lakini wengine, kwa uchungu, wanasema: "Madeni yake yote ni juu yangu." Ndugu yangu, hiyo ni dhamana, ni yale yale ya Abu Qatada, na aliyekusikia ana haki ya kukudai wewe. Pima ulimi kabla ya kushika kipaza sauti. Vivyo hivyo mke aliyesaini udhamini wa mkopo: atadaiwa kwa saini yake, si kwa urithi.

Na msiharakishe kugawa. Zubeir bin Awwam (r.a.) aliacha deni la 2,200,000, na ardhi nyingi. Mwanawe Abdallah aliuza ardhi, akalipa. Ndugu zake wakataka wagawane, akakataa mpaka atangaze kwenye msimu wa Hija miaka 4 mfululizo: mwenye kumdai Zubeir aje. Sisi arubaini haijafika, bati limeshang'olewa.

Hata sheria ya nchi iko karibu na hapo. Msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na Mahakama ya Mwanzo anatakiwa ndani ya miezi 4 apeleke Fomu Na. V, yenye mali na madeni ya marehemu, kisha hesabu kwa Fomu Na. VI. Mama huyu hana msimamizi mpaka leo, ndiyo maana kila mwenye daftari anagonga mlango wake. Wiki hii wanakaa kikao cha ukoo wamteue mmoja wakamwombee mahakamani, na mbia amekubali kusubiri pampu iuzwe.

Wallahu aalam. Mwenye swali la mirathi anione msikitini baada ya Alasiri, aje na karatasi zake.