KIPEPEO MFALME NA GUGU LA SHAMBANI

Mimi ni mwanafunzi wa kutwa, na kila Jumamosi mama hunipa jembe nikapalilie mahindi. Siku moja niling'oa gugu lenye utomvu mweupe kama maziwa. Juu yake palikuwa na kiwavi wa milia, nikamkanyaga hivi hivi tu. Nilipomsimulia mwalimu wetu wa Bayolojia, alitikisa kichwa, kisha akanieleza habari za jamaa wa kiwavi huyo huko Amerika Kaskazini. Ebu nami niwaeleze.

Jamaa huyo ni kipepeo aitwaye monaki, yaani mfalme. Mabawa yake ni ya rangi ya machungwa yenye mistari myeusi, na uzito wake ni kama nusu gramu tu. Baridi ikikaribia, mamilioni yao huondoka Kanada na Marekani. Wengine huruka zaidi ya kilomita 4,000 hadi milima ya Meksiko ya kati. Huwasili mapema mwezi wa Novemba, wakajazana juu ya miti ya oyameli, jamii ya misonobari, hata matawi yakainama. Mwezi wa Machi huanza kurudi kaskazini.

La kustaajabisha ni kwamba hakuna hata mmoja wao aliyewahi kufika Meksiko! Vipepeo wa kiangazi huishi majuma machache tu, wakataga mayai na kufa. Anayesafiri ni mjukuu au kitukuu wa waliotoka huko, naye huweza kuishi miezi 8. Hana wa kumwonyesha njia, hufuata jua. Wenyeji wa milima hiyo waliwajua tangu zamani, lakini wanasayansi walipafahamu mahali hapo mwaka wa 1975 tu, baada ya Fred Urquhart wa Kanada na mkewe Norah kutafuta kwa miongo kadhaa.

Lakini sasa mfalme yumo taabani. Msimu wa 1996-97 vipepeo hao walifunika hekta 18 hivi za msitu. Msimu wa 2013-14 walifunika hekta 0.67, na wa 2024-25 hekta 1.79. Kwa nini? Miti ilikatwa, hali ya hewa ikabadilika, na mashambani Marekani dawa zikaua magugu ya utomvu. Kiwavi wa monaki hali kitu kingine! Meksiko inaulinda msitu wake, nao ukatiwa katika Urithi wa Dunia mwaka wa 2008. Hata hivyo, kulinda msitu peke yake ni kufunga mlango mmoja wa boma lenye milango miwili.

Siku hizi nikipalilia, huacha mashina machache kando ya ua, mbali na ng'ombe kwa kuwa yana sumu. Juzi mama aliniuliza, "Wewe, umeanza uvivu?" Nikamjibu, "La, mama, hicho ni chakula cha wageni." Alicheka, lakini hakuyang'oa. Nanyi wenzangu, kabla hujakanyaga, tazama kwanza.