KUMI NA TATU AU THELATHINI?
Somo la namba za Kiingereza

Kuhesabu unajua. Ulijua kuhesabu mbuzi na madebe ya mahindi hata kabla hujashika kalamu. Sasa unajua pia kuandika hesabu zako. Katika somo hili utajifunza kusema na kuandika namba kwa Kiingereza. Tarakimu hazibadiliki. 30 ni 30 popote utakapokwenda. Kinachobadilika ni jina lake.

Tuseme wewe unasuka vikapu. Unaviuza Mto wa Mbu, kando ya barabara iendayo Ngorongoro. Watalii wengi hupita hapo. Gari linasimama, mgeni anashuka, anachagua kikapu kizuri. Anauliza bei kwa Kiingereza. Wewe unataka shilingi 30,000. Unamjibu. Anatabasamu, anahesabu noti, anakupa shilingi 13,000. Je, amekudhulumu? Huenda hakukudhulumu. Huenda ndivyo alivyosikia. Umepoteza shilingi 17,000 kwa sababu ya mkia wa neno moja.

Tutaona kosa hilo linavyotokea. Kwanza soma namba hizi. Kushoto ni tarakimu. Katikati ni neno linavyoandikwa. Kulia ni linavyotamkwa, kwa kadiri herufi zetu zinavyoweza.

1 – one – wan
2 – two – tuu
3 – three – thrii
4 – four – foo
5 – five – faivu
6 – six – siksi
7 – seven – seveni
8 – eight – eiti
9 – nine – naini
10 – ten – teni

Soma tena kwa sauti, mara tatu. Usione haya.

Umeona jambo? Kiswahili huandikwa kama kinavyosemwa. Kiingereza sivyo. Katika two kuna w, lakini haisikiki. Katika one hakuna w, lakini inasikika. Katika eight kuna g na h ambazo hazisemwi kabisa. Usijichoshe kuuliza kwa nini. Watoto wa Kiingereza nao hupata taabu hiyo hiyo. Nakili maneno hayo mpaka mkono uzoee. Sauti ya th katika three ni ile ya thamani na thelathini. Kama umezoea kusema "selasini", weka ncha ya ulimi kati ya meno, kisha toa pumzi.

Namba 11 ni eleven, hutamkwa eleveni. Namba 12 ni twelve, hutamkwa twelvu. Hizo mbili ujifunze kwa kichwa tu. Kuanzia 13 hadi 19 kuna njia moja: kila neno lina mkia wa teen, yaani tiini. Mkia huo umetokana na ten, kumi. Makumi nayo, kuanzia 20 hadi 90, yana mkia wa ty, yaani ti.

Sasa ziweke bega kwa bega:

13 – thirteen – thatiini
30 – thirty – thati

14 – fourteen – footiini
40 – forty – footi

15 – fifteen – fiftiini
50 – fifty – fifti

Vivyo hivyo 16 ni sixteen na 60 ni sixty. 17 ni seventeen na 70 ni seventy. 18 ni eighteen na 80 ni eighty. 19 ni nineteen na 90 ni ninety. Namba 20 ni twenty, hutamkwa twenti.

Hapa ndipo kikapu chako kilipopotelea. Katika Kiswahili hakuna mtego huu. Kumi na tatu na thelathini hayafanani hata kidogo, kwa sababu tatu ni neno la Kibantu, na thelathini tulilipata kwa Waarabu. Waingereza wameyatoa maneno yote mawili katika three.

Basi angalia mambo mawili. La kwanza ni mkazo. Ukisema thirteen, vuta mwisho wa neno: tha-TIIN. Ukisema thirty, tia nguvu mwanzoni, kisha kata mwisho upesi: THA-ti. La pili ni ile n. Sisi tumezoea kumalizia maneno kwa irabu, lakini Mwingereza huishia kwenye n yenyewe. Usiimeze. Ukiimeza, thirteen yako itakuwa thirty, na hapo atakayedhulumiwa ni mnunuzi.

Na kama bado una shaka, taja tarakimu moja moja. Sema thirty, kisha sema three zero, yaani thrii ziro. Kwa kumi na tatu sema one three. Au andika bei kwenye karatasi. Au onyesha noti tatu za elfu kumi. Si aibu. Hata waliozaliwa katika lugha hiyo hutaja tarakimu moja moja wanapopeana namba kwenye simu.

Jambo dogo la kuandika: four ina u, fourteen ina u, lakini forty haina. Wengi waliokaa shule miaka mingi hukosea hapo.

Namba 21 ni twenty-one. Kumi hutangulia, kama kwetu, ila hakuna "na"; kuna kistari. Mia ni hundred, hutamkwa handredi. Elfu ni thousand, hutamkwa thauzandi. Baada ya mia huwekwa and, yaani "na": 305 ni three hundred and five.

Katika maelfu, Kiingereza kinatushinda kwa jambo moja, na tukubali. Mtu akikwambia "elfu kumi na tano", amesema shilingi ngapi? Huenda ni 15,000. Huenda ni 10,005. Ndiyo maana wengine husema "kumi na tano elfu". Mwingereza hutaja kwanza idadi ya maelfu, kisha neno thousand. Kwa hiyo 15,000 ni fifteen thousand, na 10,005 ni ten thousand and five. Hapo hakuna ugomvi. Lakini Kiingereza cha kawaida hakina neno la laki. Laki moja ni mia ya maelfu: one hundred thousand. Laki tatu ni three hundred thousand.

Tumalize na stakabadhi. Fedha huandikwa mara mbili, kwa tarakimu na kwa maneno, kwa sababu tarakimu huharibiwa upesi. Mtu akitia 1 mbele ya 5,000, tayari ni 15,000. Katika hundi, maneno ndiyo yenye nguvu kuliko tarakimu. Sheria ya Uingereza ya mwaka 1882 ilisema hivyo, na sheria za hundi za Tanzania na Kenya zilifuata mfano wake.

Lakini maneno nayo yana tundu. Tazama eight thousand. Ukiacha nafasi baada ya eight, mtu anatia y moja tu, inakuwa eighty thousand. Elfu nane imekuwa elfu themanini! Six, seven na nine nazo zinahitaji ty tu. Kwa hiyo anza mwanzoni kabisa mwa mstari, andika maneno karibu karibu, na mwisho uandike only, yaani "tu". Nafasi inayobaki uipige mstari.

ZOEZI

1. Andika kwa maneno ya Kiingereza: 13, 30, 48, 115, 8,000, 10,005, 80,000.

2. Keti na mwenzako mkipeana migongo. Wewe taja kwa Kiingereza 14, 40, 17, 70, 19 na 90, bila kufuata mpango huu. Yeye aandike tarakimu alizosikia. Mkimaliza, linganisheni. Kisha badilishaneni.

3. Mnunuzi amekulipa shilingi 18,000 kwa kikapu na shilingi 80,000 kwa mikeka. Andika stakabadhi mbili, kwa tarakimu na kwa maneno ya Kiingereza. Mpe mwenzako, atafute mahali ambapo mtu angeweza kuongeza kitu.